Maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu Dulwich Hamlet, timu ya pinki ya London Kusini

Kila nikituma picha kwenye grupu la familia nimevaa skafu yangu ya pinki na bluu maswali ni yaleyale. Hiyo timu gani, iko ligi gani, mbona rangi kama za kamati ya harusi, we si ulikuwa Arsenal? Nimechoka kurekodi voisi za dakika nane nane nikirudia mambo yaleyale kwa kila binamu, kwa hiyo nimeyakusanya hapa. Aliyeuliza na ambaye hajauliza wote mjisevie.

Haya, Dulwich Hamlet ndo nini?

Klabu ya mpira ya mtaani, kusini mwa London, eneo linaitwa East Dulwich, ukivuka tu uko Peckham kule tunakonunua ndizi za kupika na mihogo. Inatamkwa "Dalich", hiyo w hapo katikati haina kazi yoyote usihangaike nayo. Ilianzishwa mwaka 1893. Wenyewe wanaiita The Hamlet, na hamlet kwa Kiswahili si kingine ila kitongoji, kwa hiyo ukiitafsiri unapata Kitongoji cha Dulwich FC. Mimi nyumbani nikiaga Jumamosi nasema naenda kitongojini, wameshazoea.

Iko Premier League?

Hapana.

Championship basi?

Ndugu yangu, endelea kushuka. Ukifika mahali ngazi zimeisha, shuka tena kidogo.

Mnasema ni timu ya "nje ya ligi". Inachezaje bila ligi?

Hili linawachanganya wengi, hata mimi mwanzoni lilinipa shida. Ligi inayosemwa hapo ni Football League, ile iliyoanza 1888, ndo mama wa ligi zote. Leo ukihesabu Premier League na madaraja matatu yaliyo chini yake unapata klabu 92, hao ndo wako "ndani". Kuanzia daraja la 5 kwenda chini wote wanaitwa wa nje ya ligi, ingawa wana ligi zao tena zimepangwa vizuri sana, ratiba, marefa, kupanda na kushuka, kila kitu. Ni jina tu limebaki.

Zamani hao wa nje hata ukichukua ubingwa wako ulikuwa hupandi hivihivi, inabidi uombe, halafu klabu za ndani zinapiga kura kama zinakutaka au hazikutaki, na unadhani mtu atapiga kura ya kumfukuza jirani yake? Mambo yakabadilika 1987, Scarborough wakawa wa kwanza kupanda moja kwa moja kwa kushinda ligi yao.

Dulwich wako daraja la 7, Isthmian League Premier Division. Usifikirie mchangani lakini. Kuna makocha wenye leseni, kuna fiziyo, wachezaji wanalipwa kidogo. Ila kidogo kweli, beki wako wa kati Jumanne usiku ni mtu ambaye mchana alikuwa anafundisha shule au anaendesha gari la mizigo, akitoka hapo anakuja kuruka vichwa.

Nani aliianzisha?

Mzee mmoja anaitwa Lorraine Wilson, lakini kila mtu alimwita Pa Wilson, yani Baba Wilson. Lorraine siku hizi ni jina la kike, najua, ila huyu alikuwa mwanaume. Vijana waliomaliza shule ya msingi ya Dulwich Hamlet walimfuata mwaka 1893 wakamwambia wanataka timu yao, wakamkabidhi na mchango wao wa shilingi chache, ndio, shilingi, hawa ndo walituachia hilo neno, na yeye akaichukua hiyo kazi akaifanya maisha yake yote yaliyobaki. Ndo maana klabu ina jina la kitongoji, ni jina la shule ya wale vijana. Hakuna tajiri, hakuna kiwanda, hakuna kampuni ya reli nyuma yake kama klabu nyingine za enzi zile. Ni watoto wa shule na mzee mmoja aliyekubali kusumbuliwa.

1907 wakaingia Isthmian League, na zaidi ya miaka 100 baadae bado wako kwenye familia hiyohiyo, ukiacha miaka michache waliyopanda juu ambayo nitaieleza.

Kwanini pinki?

Ni pinki na bluu iliyoiva, na wamevaa hivyo muda mrefu kabla pinki haijawa fasheni kwenye mpira. Siku ya kwanza naiona nilicheka. Siku ya pili nilinunua.

Wamewahi kushinda kitu chochote?

Hapa nakaa vizuri kwanza. FA Amateur Cup, kombe la soka la ridhaa la England, mara 4: 1920, 1932, 1934 na 1937. Ile ya 1932 waliwapiga Marine, timu ya kule karibu na Liverpool, bao 7-1 kwenye fainali. Fainali! Ligi yenyewe ya Isthmian wamechukua mara 4 pia, 1920, 1926, 1933 na 1949.

Mtu wa leo akisikia "kombe la ridhaa" anaona kama bonanza la Pasaka. Haikuwa hivyo. Kipindi kile soka la ridhaa lilikuwa dunia kamili pembeni ya soka la kulipwa, na mashabiki wake walijaa viwanjani kwa maelfu. Isthmian League yenyewe ilikuwa na msimamo mkali mpaka inachekesha, kaulimbiu yao ya Kilatini ilikuwa na maana kwamba heshima inatosha, na walimaanisha, bingwa alikuwa hapewi kombe wala medali. Umeshinda ligi nzima, unapewa mkono, unarudi nyumbani kula. Basi.

Hayo yaliisha 1974, FA, yani chama cha soka cha England, ilipofuta tofauti ya mchezaji wa ridhaa na wa kulipwa, na lile kombe likafa mwaka huohuo. Na ukweli usemwe, wengi walikuwa wanalipwa kisirisiri zamani tu, noti zinawekwa ndani ya kiatu mchezaji akitoka kuoga anazikuta.

Huyo Edgar Kail mnayemuimba ni nani? Bado anacheza?

Amefariki 1976. Na ndio, bado tunamuimba kila mechi, watu wa miaka 20 ambao hata babu zao labda hawakumuona.

Kail alizaliwa mwaka 1900 na ni mtoto wa maeneo yaleyale. Alijiunga na klabu akiwa kijana wa miaka 14 au 15 hivi, mwaka 1915, akastaafu 1933, na kwa muda wote huo alifunga magoli 427. Alikuwa straika wa pembeni kidogo, wale wa zamani waliokuwa wanaitwa insaidi. Klabu kubwa za kulipwa zilimtaka, si moja si mbili, akakataa zote. Alikuwa na kazi yake ya mauzo kwenye biashara ya pombe, Jumamosi anakuja Champion Hill, uwanja wetu, anafunga, Jumatatu anarudi kazini.

Sasa sikiliza hii. Mei 1929 England walikwenda ziara ya Ulaya wakamchukua na yeye. Timu kamili ya taifa, sio ya ridhaa. Tarehe 9 Mei kule Paris akaanza mechi yake ya kwanza dhidi ya Ufaransa, England wakashinda 4-1, Kail akafunga mawili. Siku mbili baadae wakacheza na Ubelgiji, wakashinda 5-1. Halafu tarehe 15 Mei wakaenda Madrid kucheza na Hispania wakafungwa 4-3, na hiyo ndo mara ya kwanza katika historia England kufungwa na timu ya nje ya visiwa vyao. Kwa hiyo mtu wa kitongojini kwetu alikuwemo uwanjani siku Waingereza walipogundua kwamba mpira waliouvumbua na wengine wameujua.

Mechi zake za timu ya taifa ziliishia hizo 3. Mpaka leo Kail anatajwa kama mchezaji wa mwisho kuichezea England kubwa akiwa mtu wa nje ya ligi peke yake, maana aliyekuja baada yake mwaka 1936, Bernard Joy wa Casuals, alikuwa huku na huku, anachezea Arsenal pia.

Barabara ndogo inayoingia uwanjani inaitwa Edgar Kail Way. Sio barabara ya maana, upande mmoja maegesho ya magari ya supamaketi, ukipita hapo mvua imenyesha unaruka madimbwi. Ila kila nikiona kile kibao naona wametenda haki.

Uwanja wao ukoje? Nimesikia ulichezewa Olimpiki, si kweli bwana

Kweli kabisa. Ila sio huu unaouona leo.

Champion Hill ya zamani, ile iliyofunguliwa 1931, ilikuwa moja ya viwanja vikubwa vya ridhaa nchi nzima, jukwaa refu la kukaa na matuta ya kusimama pande zote. Rekodi ya watu ni 20,744, mwaka 1933, na cha kuchekesha hata Dulwich hawakuwa wanacheza siku hiyo, ilikuwa fainali ya kombe la ridhaa Kingstonian na Stockton. Olimpiki ya London 1948 ikapangwa mechi hapo, Korea Kusini na Mexico, tarehe 2 Agosti, Wakorea wakashinda 5-3. Hiyo ndo mechi yao ya kwanza ya Olimpiki. Raundi iliyofuata walikutana na Sweden wakala 12, lakini hiyo haikuwa kwetu, ilikuwa Selhurst Park, sisi hatuhusiki.

Sasa huo uwanja mkubwa umeenda wapi?

Umeenda Sainsbury's.

Sitanii. Miaka ya 70 na 80 watu walipungua sana, televisheni, magari, mambo mengi, na jukwaa la zamani likachoka mpaka likawa halifai kwa usalama. Ukumbuke 1985 jukwaa la Bradford liliungua likaua watu 56, baada ya hapo kila jukwaa la zamani England likaanza kuangaliwa kwa jicho lingine. Klabu ndogo yenye uwanja mkubwa mbovu haina hela ya kuutengeneza, ina kitu kimoja tu cha kuuza, ardhi. Kipande cha eneo kikaenda kwa supamaketi, 1991 uwanja ukavunjwa, na 1992 ukafunguliwa huu mdogo wa sasa, unaingiza watu kama 3,000.

Naomba mlielewe hili vizuri kwa sababu ndo historia yote ya hii klabu kwa mtazamo wangu, ukitoa magoli na makombe. Timu ya mtaa haifi kwa kufungwa. Inafungwa, inashuka daraja, inapanda, hayo ni maisha. Inakufa pale ardhi iliyo chini yake inapokuwa na thamani kuliko mpira unaochezwa juu yake, na East Dulwich ya leo nyumba ya kawaida tu ya vyumba vitatu inaweza kupita pauni milioni, sasa piga hesabu uwanja mzima. Wale tuliokulia kwenye mitaa ambayo kiwanja cha kuchezea siku moja asubuhi kilikutwa kimezungushiwa mabati hatuhitaji kuelezwa sana.

Mimi mchele nanunua hiyo Sainsbury's. Nikiwa kwenye foleni ya kulipa kuna wakati najiuliza hapa nilipo palikuwa sehemu gani.

Na ile habari ya kufukuzwa uwanjani na kunyang'anywa jina?

Hii ndo inaulizwa kuliko zote, hata na watu wasiopenda mpira.

Mwaka 2014 eneo la uwanja lilinunuliwa na wawekezaji, Meadow Residential, kwa nia ya kujenga nyumba. Mwanzoni kulikuwa na makubaliano ya aina fulani, wao wajenge nyumba zao 155, klabu ipate uwanja mpya pembeni pale kwenye uwazi wa Greendale. Mpango ukakwama kwa halmashauri ya Southwark, mvutano ukaendelea mwaka baada ya mwaka, mahusiano yakaharibika. Halafu Machi 2018, katikati ya msimu, tena timu iko juu inapigania kupanda daraja, kibali cha klabu kutumia uwanja kikasitishwa. Geti likafungwa.

Hapo watu walikasirika, lakini kilichofuata ndo kilifanya watu wasilale. Klabu ikapokea barua ya mawakili ikiambiwa majina "Dulwich Hamlet Football Club", "The Hamlet" na "DHFC" yamesajiliwa kama nembo ya biashara na kampuni nyingine, kwa hiyo isiyatumie tena. Miaka 125! Vijana wa shule na shilingi zao, Pa Wilson, Kail, makombe manne, halafu leo unaambiwa jina lako sio lako. Mimi nilisoma hiyo habari kwenye treni nikarudia mara tatu nikidhani Kingereza changu ndo kina shida.

Ila hiyo barua iliwafanyia klabu kazi kubwa kuliko matangazo yoyote. Watu wakaandamana mtaani na mabango ya pinki, wazee, watoto kwenye vigari vya kusukuma, mbwa wamefungwa skafu. Meya wa London Sadiq Khan akasema yuko upande wa klabu, wabunge wakalizungumza bungeni, Rio Ferdinand ambaye ni mtoto wa Peckham akajitokeza na wenzake wakitaka kuununua uwanja. Kwenye suala la jina zile kelele zilisaidia, wakaachia, jina likabaki kwa wenyewe. Uwanja bado.

Msimu ule waliumalizia wapi?

Kwa Tooting & Mitcham, uwanja unaitwa Imperial Fields, kule Morden. Hawa ni wapinzani wetu wa siku nyingi, yani ni kama umeunguliwa nyumba halafu anayekupa chumba ni yule jirani mnayegombania mpaka wa shamba. Kwangu ilikuwa mabasi mawili na kutembea. Watu walienda tu.

Na sasa utamu wenyewe. Dulwich walikuwa wameshakosa kupanda kwa kufungwa fainali ya mchujo miaka miwili mfululizo, 2016 na East Thurrock, 2017 na Bognor Regis. Tarehe 7 Mei 2018 wakafika fainali mara ya tatu, kwenye uwanja wa kuazima, wakiwa hawana kwao, dhidi ya Hendon. Jua kali siku ile, London unapata siku kama mbili za hivyo kwa mwaka. Dakika 90 bila mshindi, za nyongeza bila mshindi, 1-1, penati. Wakashinda 4-3.

Nilikuwa nyuma ya goli na jamaa mmoja simjui jina wala hanijui, babu wa miaka sabini hivi na kofia ya pinki ya kufuma, kuanzia penati ya tatu alinigeuzia mgongo akawa anaangalia ukuta, ananiuliza mimi "vipi? vipi?" kila ikipigwa. Ya mwisho sikuweza kumjibu, nilimkumbatia tu, nadhani alielewa.

Timu isiyo na uwanja ikapanda National League South, daraja la 6, juu kuliko ilivyowahi kufika tangu mfumo huu wa ngazi uanze.

Walirudi lini Champion Hill?

26 Desemba 2018, siku ya pili ya Krismasi, mechi na Eastbourne Borough. Uwanja ulijaa mpaka wengine wakawa wanaona nusu ya goli tu. Baadae Julai 2020 halmashauri ikapitisha mpango wa uwanja mpya Greendale na nyumba 219 pale ulipo wa sasa. Kuna majirani waliopinga, hasa wanaopenda Greendale ibaki uwazi wa kupumzikia, na mimi siwalaumu, wao pia wanatetea kipande chao cha ardhi.

Kuna mchezaji maarufu aliyetoka hapo?

Peter Crouch, yule mrefu kama nguzo ya umeme, alikuja kwa mkopo mwaka 2000 akiwa kijana wa Tottenham, na uzeeni akarudi kama mmoja wa wakurugenzi. Alan Pardew alipita kabla hajawa kocha wa Ligi Kuu. Erhun Oztumer, mfupi, fundi kwelikweli, alipokuwa hapa watu walikuja kumwangalia yeye tu, akaondoka kwenda Peterborough.

Ila ninayempenda mimi ni Ethan Pinnock. Beki huyu alikaa Dulwich mpaka 2016, daraja la 7, umri umefika 23, umri ambao maskauti wengi wameshakufuta kwenye daftari. Akaenda Forest Green, akaenda Barnsley, akaenda Brentford, na mwaka 2021 akawa anacheza Ligi Kuu, na timu ya taifa ya Jamaika juu. Kwa hiyo ukija Champion Hill ukaona kijana anacheza vizuri usiseme "huyu angekuwa mzuri asingekuwa hapa".

Mengi ya hayo yalikuwa chini ya kocha Gavin Rose, aliyeshika timu 2009 mpaka 2022, pamoja na akademi yao ya Aspire ambayo inachukua vijana wa mitaa ya hukuhuku, wengi watoto wa Kiafrika na Kikaribi, walioachwa na akademi kubwa. Alipoichukua timu mashabiki walikuwa mia mbili, mia tatu. Alipoondoka walikuwa maelfu.

Ni kweli mashabiki wake ni wahipsta wa kushoto kisiasa?

Wapo. Ndevu zipo, bia za kienyeji za bei mbaya zipo, stika za kupinga ubaguzi zimejaa mpaka chooni. Mwaka 2015 klabu ilicheza mechi ya kirafiki na Stonewall FC, timu ya mashoga, ikiwa njia ya kupinga ubaguzi kwenye mpira. Pia wana urafiki na Altona 93 ya Hamburg, Ujerumani, ambayo nayo ilizaliwa mwaka uleule 1893, na mashabiki wanatembeleana.

Lakini hao wahipsta ndo wameandikwa sana na magazeti, kwa sababu waandishi wenyewe wanaishi mitaa hiyo. Ukija utakuta pia mzee ambaye baba yake alimleta miaka ya 50, mama wa Kinigeria na wanawe watatu, mafundi ujenzi, na mimi na chupa yangu ya chai ya tangawizi. Wakati wa mapumziko wote tunahama, tunatembea upande wa pili ili tuwe nyuma ya goli tunaloshambulia, hakuna seti ya siti yenye namba ya mtu. Upande mmoja wa uwanja unaitwa Toilets Opposite, yani Mkabala na Vyoo. Wenzetu wa Liverpool wana jukwaa lao la Kop, sisi tuna hiyo.

Na ndio, bia unakunywa huku unaangalia mpira. Madaraja matano ya juu sheria hairuhusu kunywa huku unaangalia mechi, huku chini hamna noma.

Kuna timu ya wanawake?

Ipo, tangu 2019, na wanacheza uwanja huohuo, jezi hizohizo. Nendeni, si mechi za kujaziliza ratiba.

Kombe la FA je?

Huwa tunaanza mwezi wa 8 au wa 9 kwenye raundi za mchujo, wakati wakubwa wanaingia Januari. Novemba 2019 tulifika raundi ya kwanza kamili, Ijumaa usiku, kamera za TV, Carlisle United wakaja wakatupiga 4-1. Goli letu lile moja tulilishangilia kama tumechukua kombe.

Siku hizi hali ikoje?

2023 tulishuka, tukarudi Isthmian Premier daraja la 7. Wiki ileile tiketi za msimu zikaanza kuuzwa na watu wakapanga foleni. Binamu yangu alinipigia kunipa pole kama nimefiwa, nikamwambia kaka, kule juu tulikaa miaka mitano, hii Isthmian tuko nayo tangu 1907.

Nikija London nafikaje, na mechi ni saa ngapi?

Panda treni London Bridge, shuka East Dulwich, ni safari fupi mno. Ukitoka stesheni fuata watu wenye pinki, na kama hakuna watu wenye pinki basi umekosea siku. Mabasi 176 na 185 pia yanapita.

Jumamosi ni saa tisa alasiri. Narudia, saa tisa ya Kiswahili. Shemeji yangu alikuja kututembelea, nikamwachia ujumbe mechi saa tisa, akasoma kama ya Kizungu, akatokea uwanjani saa tatu asubuhi peke yake, akamkuta mtu wa kukata majani, wakapiga stori mpaka jamaa akamtengenezea chai. Nilipofika mchana shemeji alikuwa anajua mstari upi umechorwa vibaya na kwanini kona ile ya kushoto huwa na matope.

Mechi za katikati ya wiki ni Jumanne saa moja na dakika arobaini na tano usiku. Hizo vaa soksi mbili.